Mti wa majani ya nyota hautogeuka mwekundu Pemba

Mhariri, assalaam alaykum.

Naomba nafasi kwenye ukurasa wenu wa barua. Najua mnapenda barua fupi fupi ila hii ukiikata katikati haitokuwa na maana, kama haienei itoeni vipande viwili, mie ntasubiri. Ni khabari ya mti. Kuna mti mmoja wa Kimarekani picha zake zimeenea kwenye magrupu ya WhatsApp huku Pemba, na jamaa zangu wa Mjini wananambia Unguja ni hivo hivo, mti majani yake ya nyota, mengine mekundu, mengine manjano, mengine zambarau imekoza mpaka inakaribia nyeusi, yote kwenye mti mmoja, na chini ya picha mtu kaandika ati miche ipo, tuma pesa kwa namba hii. Mie nna kitalu cha miche hapa Wete, nauza mikarafuu, miembe ya kubebesha, midoriani, mishokishoki, na maua ya kupanda mbele ya nyumba, na siku hizi kila wiki lazima aje mtu na simu yake anioneshe picha hiyo, nikimwambia sina anaona namficha. Mwengine kakasirika kabisa, kanambia nyie watu wa vitalu hamtaki maendeleo.

Sasa nataka niseme mara moja mbele ya watu wote ili nipumzike. Mti upo kweli, sio uongo, na ni mti mzuri mashallah, lakini ule wekundu mnaoupenda hautoki kwenye mti peke yake, unatokana na mti pamoja na nchi unapoota. Ukiuleta huku utapata mti, wekundu utakuwa umeuacha kwao.

Tuanze na mti wenyewe maana naona wengi wanaupenda bila kuujua. Jina lake la kitaalamu ni Liquidambar styraciflua, kaupa jina hilo Linnaeus mwaka 1753, Wamarekani wenyewe wanauita switigamu, basi mie ntauita mswitigamu ili twende sawa. Ni mti mkubwa jamani, sio ua la kuweka kwenye ndoo barazani kama mnavodhani. Kawaida unafika mita 20 mpaka 35, na kwenye mabonde yenye rutuba na maji ya kutosha unapita mita 40. Shina limenyooka. Ukiwa mdogo unakuwa umechongoka juu na kutanuka chini, ukizeeka kichwa kinakuwa mviringo. Gome la kijivu lenye mifereji mirefu inayoshuka, na vile vitawi vyake vingi vina mbawa, yani kama vipande vya kizibo vimebandikwa ubavuni urefu wa kitawi, ukivishika ni vigumu vina makwaruzo, hiyo ni alama moja ya kuutambua hata kama hauna jani hata moja.

Jani lina pembe tano, mara nyengine saba, na ukilifikicha linanukia. Watu wengi wanalichanganya na jani la mepo, lile lililopo kwenye bendera ya Kanada, na hata hao wanaouza huko mtandaoni picha wanazichanganya. Kutofautisha ni rahisi sana, tizama majani yalivokaa kwenye kitawi: mswitigamu jani moja huku, jengine mbele kidogo upande wa pili, yanapishana, wakati mepo yanakaa mawili mawili yakitizamana. Ukiletewa mche majani yametizamana, huo sio, rudisha.

Halafu kuna kitu ambacho kwenye hizo picha hawakioneshi kabisa. Matunda. Mswitigamu maua yake ya kiume na ya kike yako mti mmoja, upepo ndo unabeba unga wake, na tunda linalotokea ni gololi ngumu ya mti, kipenyo chake kama sentimita 2.5 mpaka 4, imezungukwa na miiba pande zote. Ndani yake mna vijumba vingi, kila kijumba kina mbegu moja au mbili ndogo zenye ubawa, zinaruka na upepo, ndege na kindi wanazila. Gololi zenyewe zikishamwaga mbegu zinabaki zinaning'inia mtini kipindi chote cha baridi kisha zinaanguka kidogo kidogo kwa miezi, na huko kwao watu wanazilalamikia kila mwaka, maana zinaviringika chini ya viatu mtu anakwenda chini, zinaziba mitaro, ukipita na mashine ya kukatia majani zinaruka. Hebu zifikirie kwenye uwanja wa madrasa, watoto wametoka wanakimbia peku peku. Wenzetu wametafuta mpaka aina isiyozaa, inaitwa Rotundiloba, majani yake pembe zake zimekuwa butu, basi wanapanda hiyo. Lakini hiyo haitoki kwa mbegu, wanaibebesha tu kama sie tunavobebesha embe, sasa wewe uliyetumiwa pakti ya mbegu ukaambiwa ni ile isiyozaa ushajua umefanywa nini.

Na hizo mbegu. Bwana mmoja hapa jirani alinunua kwa mtu wa mtandaoni, akazipanda kwenye viriba kwa mapenzi makubwa, zikaota haraka, akanletea mmoja nimtizamie kwa furaha. Ulikuwa mpapai. Mbegu ya mswitigamu ya kweli haioti haraka hivo, inataka kwanza ikae kwenye baridi na unyevu mwezi mmoja mpaka mitatu ndo inaamka vizuri, kwao kazi hiyo inafanywa na msimu wa baridi wenyewe, mtu wa huku itabidi aiweke frijini kwenye mchanga wenye maji maji asubiri, na umeme wetu mnaujua. Ukishaota vizuri, hilo tunda la kuletea mbegu nyengine litakuja baada ya miaka 20 mpaka 30. Nasema hivi kwa sababu kuna waliokuja kwangu wakitaka tufanye biashara ya kuzalisha mbegu.

Sasa kwao ni wapi. Kusini mashariki ya Marekani. Kuanzia kipembe cha Connecticut na New York kule juu, unashuka pwani yote mpaka katikati ya Florida, magharibi unakwenda mpaka mashariki ya Texas na Oklahoma, na juu unagusa Missouri na kusini ya Illinois. Ndani ya eneo hilo mahala unapopapenda hasa ni mabondeni kandokando ya mito mikubwa, kama bonde la Mississippi, udongo wa kina, wenye unyevu, wenye uchachu, mahala maji ya mafuriko yanakuja na kuondoka. Unaota pamoja na mialoni na misonobari. Na unapenda jua, kivuli hauna uvumilivu nacho, ndo maana shamba likiachwa bila kulimwa huko kwao mswitigamu ni katika miti ya mwanzo kuingia, mbegu zinaletwa na upepo, na hata ukiukata unachipua tena kwenye kisiki na mizizi. Mvua unazotaka ni kama milimita 1,000 mpaka 1,500 kwa mwaka, kwa upande huo Pemba tunazo na za ziada, sina ugomvi na mvua.

Hapa kuna kijana mmoja kwenye grupu kanijibu kwa ujeuri, kasema mzee huo mti upo mpaka Mexico, Guatemala, Honduras na Nicaragua, na huko ni joto kama kwetu, sasa unasemaje. Suali zuri, ujeuri nimemsamehe. Ni kweli upo, mti ni ule ule, lakini huko hauko pwani kwenye minazi, uko milimani, kwenye misitu ya mawingu, kiasi mita 1,000 mpaka 2,000 juu ya bahari, kama milima ya Veracruz, mahala asubuhi ukungu unalala juu ya miti na usiku watu wanavaa masweta. Sie kilima chetu cha kujivunia ni Masingini kule Unguja na hakifiki hata mita 200, Pemba ndo kabisa, vilima vingi lakini vyote vifupi. Na Afrika Kusini wameipanda sana majiani, Johannesburg inageuka rangi vizuri kabisa, kwa sababu Johannesburg iko juu kiasi mita 1,700 na msimu wa baridi usiku maji yanaganda. Kwa hiyo usiangalie jina la nchi au bara, angalia urefu wa mlima na baridi.

Tuje kwenye wekundu maana ndo roho ya jambo. Miti inayopukutisha majani sie tunayo tele, sio kitu kigeni. Mbuyu unapukutika, msufi unapukutika mpaka unabaki matawi na sufi zake. Lakini hii yetu inapukutika kwa sababu ya ukavu, kiangazi kikikaza mti unaona bora niache majani nisipoteze maji. Mswitigamu unapukutisha kwa kuogopa baridi, na baridi yenyewe hausubiri ifike, unaijua kabla, unahisabu urefu wa mchana. Kule Georgia au Alabama mwezi wa sita mchana unafika saa 14 na kitu, Disemba umeshuka mpaka kama saa 10. Mti unaona mchana unafupika, usiku unapoa, unaanza kufunga duka. Ile rangi ya kijani ndani ya jani, klorofili, unaivunja na vile vyakula vya thamani unavirudisha shinani kuweka akiba. Kijani kikiondoka ile manjano iliyokuwemo siku zote inajitokeza. Wekundu ni kitu chengine, huo haukuwemo, unatengenezwa wakati ule ule kutokana na sukari iliyobakia ndani ya jani, na unatoka vizuri zaidi mchana ukiwa na jua kali na usiku baridi ila isiwe ya kugandisha. Ndo maana hata huko kwao mwaka mmoja rangi inakoza na mwaka mwengine inafifia. Mwisho pale jani liliposhikana na kitawi panajengwa ukuta mdogo, jani linaachia.

Sasa niambieni, hapa Pemba mti utahisabu nini? Sie tuko kiasi digrii tano tu kusini ya ikweta, mchana wetu mrefu kabisa na mfupi kabisa tofauti yake haifiki saa moja, adhana ya magharibi inachezacheza hapo hapo mwaka mzima, ndo maana Ramadhani ikija masika au ikija kaskazi funga yetu urefu wake ni ule ule, wakati wenzetu walioko Ulaya ikiwaangukia kiangazi wanafunga mpaka unawaonea huruma. Na usiku wetu wa kipupwe, huo mwezi wa saba tunaojikunyata na kusema leo baridi, bado ni joto kwa mti wa namna hii. Mti utakaa kijani. Utapukutisha majani machache hapa na pale, mengine yatakuwa ya kahawia, mengine manjano ya ugonjwa, na mtu aliyelipia wekundu atakuja kwangu kuuliza nimtilie mbolea gani.

Manjano ya ugonjwa sikusema kwa mzaha. Kuna jambo la udongo, na hili wenye mahoteli ya pwani walisikilize vizuri kwa sababu wao ndo wenye pesa za kuagiza miti mikubwa iliyokwisha kukua. Mswitigamu unataka udongo mchachu. Pwani yetu nyingi, Makangale huku, Nungwi, Kiwengwa, Paje, Makunduchi kule, ni uwanda na maweni, chini ni jiwe la matumbawe, jiwe lile lile tunalolichoma kupata chokaa. Udongo wenye chokaa unaufanya huu mti usiweze kuvuta chuma hata kama kipo, majani yanakuwa manjano mishipa inabaki kijani, mti unadumaa. Huko Marekani kwenyewe wenye nyumba sehemu za chokaa wanashauriwa wasiupande. Labda ukitaka kujaribu jaribu huku ndani kwenye udongo wa kinongo au bondeni kwenye udongo wa kinamo, lakini hapo nani atakupa bonde la mpunga upande mti wa kupigia picha? Na mizizi yake iko juu juu, inanyanyua sakafu na njia za watu wa miguu, sasa weka karibu na karo au ukuta wa nyumba ya matofali uone.

Watu wataniambia mbona mkarafuu nao mgeni na umetujenga. Kweli, mkarafuu umetoka visiwa vya Maluku, Indonesia, umefika huku mwanzo wa karne ya 19, na leo ukisema Pemba umesema karafuu. Mdoriani mgeni, mshokishoki mgeni, mshelisheli mgeni, mkungumanga mgeni. Lakini tizameni walikotoka wageni hao wote waliostawi: visiwani, karibu na ikweta, joto na mvua na bahari. Maluku na Pemba ni kama kuhama mtaa. Mti wa Mississippi kuja Wete ni safari nyengine kabisa. Na sio kila mgeni ni kheri, kunguru weusi hawa wanaokula mayai na vifaranga vyetu waliletwa Zanzibar na watu miaka ya 1890 ati wasafishe mji, kilichofuata tunakijua. Mie sisemi mswitigamu utakuwa kunguru, pengine hata hautostawi, nasema mbegu na miche ya nje inatakiwa ipite kwenye ukaguzi wa mimea bandarini na uwanja wa ndege, sio kwenye soksi ndani ya begi la mgeni. Ugonjwa mmoja wa mizizi ukiingia kwenye mikarafuu, sijui tutamlilia nani.

Lakini haki yake niupe, mti huu una mambo ambayo mtu wa Zanzibar angeyapenda kuliko hata hiyo rangi, na hakuna anayeyataja kwenye grupu. Una utomvu. Ukiukwaruza gome linatoka gundi ya kunukia, nzito, rangi ya asali, likikauka wanalitafuna, na limetumika kwenye dawa za ngozi, sabuni, manukato na kuchomwa kama sie tunavochoma ubani. Wahispania walipoingia Mexico mwaka 1519 walimkuta mfalme Moctezuma akimaliza kula anavuta tumbaku iliyochanganywa na utomvu huu. Na una ndugu yake mmoja, Liquidambar orientalis, unaota kusini magharibi ya Uturuki, huo utomvu wake umefanyiwa biashara tangu zamani sana nchi za mashariki, kwa wenye kupenda udi na uvumba. Ndugu mwengine uko China na Taiwan, jani lake pembe tatu. Zamani za kale kabisa jamaa hii ya miti ilikuwepo mpaka Ulaya, mabaki ya majani yamekutwa kwenye mawe, zilipokuja zama za barafu ikamalizika huko. Mbao zake nazo Wamarekani wanazitumia kwa plaiwudi, makabati na masanduku, ingawa zinapenda kupinda wakati wa kukauka, fundi seremala asiyejua atalia.

Sasa mtu ukishapenda mti wa utomvu, mbona msandarusi wetu hakuna anayeuliza? Mie miche ya msandarusi nikiiweka kitaluni inazeeka humo humo. Huu ni mti wa pwani yetu na visiwa vyetu, sandarusi yake ilikuwa katika mali kubwa zilizotoka bandari ya Zanzibar karne ya 19 pamoja na pembe na karafuu. Ile bora ilikuwa ya kuchimbwa ardhini Mrima, yani pwani ya bara, iliyokaa chini karne kwa karne mpaka ikawa ngumu, ile mbichi ya mtini ikiitwa chakazi na bei yake ndogo. Na ilikuwa inakwenda wapi? Marekani! Meli za Salem, Massachusetts, zilikuwa zinakuja hapa mpaka Sayyid Said akafunga mkataba na Wamarekani mwaka 1833, na konsuli wao wa kwanza, Richard Waters, mtu wa Salem, akaanza kazi hapa 1837. Sandarusi ikifika kwao inasafishwa inafanywa vanishi ya kung'arisha samani. Yani Wamarekani wana mti wao wa gundi nyuma ya nyumba na bado walivuka bahari mbili kufata gundi yetu, halafu leo mjukuu wa yule aliyekuwa akipakia magunia anatuma pesa kununua mti wao kwa sababu ya picha. Nilipoisema hii barazani watu walicheka lakini hakuna aliyenunua msandarusi.

Na wekundu mnautaka? Tokeni nje. Mkungu. Huu mkungu wa kawaida, ambao watoto wanaokota kungu wanazipasua kwa jiwe kula kile kiini chake, ndo mti wetu unaogeuka rangi. Jani lake kubwa, pana, likitaka kuanguka linakuwa jekundu kweli kweli, jengine la rangi ya chungwa, jengine lina madoa ya kijani na damu ya mzee, na unafanya hivo bila baridi yoyote, mara nyengine mara mbili kwa mwaka, hasa kiangazi. Unaota mchangani, maji ya chumvi hauyajali, jiwe la chokaa hauliogopi, tunda lake linaelea baharini linafika ufukweni linaota lenyewe. Kivuli chake kimetanda kwa madaraja, kila daraja la matawi juu ya jengine. Kima punju kule Jozani wanakula majani yake na ya mwembe, kisha wanakwenda kutafuta makaa wanayatafuna, wataalamu wanasema makaa yanawasaidia kuondosha ukali wa majani hayo tumboni. Nimeona kwa macho yangu, na hoteli siitaji, wamekata mikungu ya zamani mitatu iliyokuwa ufukweni, kisa majani yanaanguka yanachafua mchanga, halafu bwana wa bustani wa hapo hapo kaja kwangu kuulizia mti wa majani mekundu yanayoanguka. Nikamtizama tu. Picha za huko Marekani nusu ya uzuri wake ni yale majani yaliyolala chini, wanayapiga picha, wanakaa juu yake na watoto wao, kwetu yakianguka ni uchafu unatafutiwa fagio.

Basi mhariri nina maombi mawili kisha niwaachie nafasi wengine. La kwanza kwa wahusika wa misitu na kilimo, tafadhalini tangazeni redioni na kwenye magazeti kwa lugha nyepesi namna ya kuagiza mbegu kutoka nje kihalali, nani wa kumuona, bandari gani, cheti gani, kwa sababu watu hawajui na wanaofaidika ni matapeli. La pili ni kwa gazeti lenu, wekeni hata kikona kidogo kila wiki cha mti mmoja wa hapa, na picha yake ya rangi, jina tunalouita Pemba na wanalouita Unguja maana hata hapo tunagombana, unaota udongo gani, faida yake nini. Msitu wa Ngezi upo hapa Konde watu wa Wete wengi hawajauingia, wanaujua kwa kusikia tu.

Na wale ambao bado wanautaka mswitigamu, mie sina na sitoagiza, msije na simu. Mikungu ninayo, miche ya kufika gotini, muipe nafasi mita kumi toka ukutani na mwaka wa kwanza muitilie maji kiangazi. Ukichukua mkungu, msandarusi nakupa bure, chimba shimo kabla ya mvua za masika, mboji kidogo chini, mbuzi uwazuie.

Ni mie msomaji wenu,
Mwenye kitalu, Wete, Pemba